Kazi ya Mkono Wako

Kuna kazi ambazo mtu huzifanya kwa kuwa hana wa kumfanyia, na kuna kazi ambazo mtu huzifanya ingawa wa kumfanyia yupo. Kazi za namna ya kwanza hazina swali: shida huamuru, na mkono hutii. Za namna ya pili ndizo zenye swali, nalo ndilo nitakalo kulitazama pamoja nawe, msomaji, katika kurasa hizi chache. Je, mtu mwenye uwezo wa kumlipa fundi ana sababu yoyote njema ya kushika msumeno mwenyewe? Na akiisha kuushika, anawiwa nini na watu wengine kwa kazi hiyo, hasa kwa ile sehemu yake ambayo hakuna jicho litakaloiona?

Usidhani ya kuwa nitakupeleka mbali. Maswali makubwa hayakai mawinguni peke yake. Aghalabu hukaa jikoni, shambani na uani, yakingoja mtu ayajikwae. Mimi nililijikwaa swali langu katika banda la gari.

Banda lenyewe ni dogo, limejengwa kwa mawe ya kuchonga na kupakwa lipu ndani, nalo limeshikamana na nyumba ninayokaa pamoja na mke wangu, watoto wetu wawili, na mpwa wangu wa miaka 12 aliyekuja kwetu kusoma. Gari langu ni kuukuu, na huchukua nusu ya nafasi. Nusu nyingine ilikuwa makao ya vitu visivyo na makao: majembe, ndoo, makopo ya rangi, gurudumu la akiba, baiskeli isiyo na mnyororo, na masanduku ya karatasi yenye madaftari yangu ya chuo cha ualimu. Siku moja, katika miezi ya mvua, niliinua sanduku moja. Sanduku likaja mkononi, kitako chake kikabaki sakafuni. Mchwa walikuwa wamepenya katika ufa wa saruji, wakala masomo ya miaka miwili, wakaniachia majalada. Hapo niliamua kwamba banda lazima lipate rafu.

Fundi hakukosekana. Mzee mmoja seremala ana karakana yake mwendo wa dakika 10 kutoka kwetu, na bei aliyonitajia haikuwa ya dhuluma. Hata hivyo nilimwambia, "Ahsante, Mzee, lakini hizi nitazitengeneza mwenyewe." Alinitazama mikono, wala hakunitazama uso, kisha akajibu, "Haya, Mwalimu. Kuuliza si ujinga. Ukikwama, njoo."

Kwa nini nilimjibu vile? Ingenipendeza kukuambia kwamba nilisukumwa na hekima. Ukweli ni kwamba nilisukumwa na uchoyo, na nyuma ya uchoyo kilisimama kiburi. Nilitaka kuokoa fedha, na nilitaka kusifiwa. Sababu hizi mbili ndizo zinazowaongoza watu wengi katika kazi kama hii, na zote mbili ni dhaifu. Uchoyo haukunilipa, kwa sababu nilinunua msumeno, keekee, bisibisi na pimamaji, kisha nikaharibu mbao mbili kwa kuzikata fupi. Akiba niliyoitarajia ikamezwa na vyombo na makosa. Kiburi nacho kilinilipa kwa sarafu bandia, kama utakavyoona mbele. Basi kama kuna sababu njema ya kujitengenezea kitu, sharti tuitafute mahali pengine.

Kabla ya kuitafuta, yatupasa kumsikiliza mpinzani, kwa maana mpinzani wa jambo hili si mjinga. Zaidi ya miaka 2,000 iliyopita, Plato, mwanafalsafa wa Kiyunani, alifundisha katika kitabu chake kiitwacho Jamhuri kwamba mji hustawi pale kila mtu anaposhika kazi moja ifaayo tabia yake. Mwaka 1776 Adam Smith wa Uskoti akaongeza hesabu juu ya maneno hayo. Alieleza kiwanda kidogo cha kutengeneza pini, ambamo watu 10 waligawana kazi: mmoja huvuta waya, mwingine huunyosha, mwingine huukata, mwingine huuchonga ncha, na kadhalika. Watu hao 10 waliweza kutoa pini zaidi ya 48,000 kwa siku. Lau kila mmoja angalifanya peke yake, bila ya kufunzwa kazi hiyo, asingalifikisha hata pini 20.

Hesabu hiyo ni ya kweli, na dunia tunayoishi imejengwa juu yake. Kwa hiyo mpinzani atasema: Mwalimu na afundishe, seremala na atengeneze rafu, mwalimu anapoacha kitabu akashika randa, tunapata mafunzo machache na rafu mbovu. Tena ataongeza neno lenye uzito zaidi: Huyo seremala ana watoto. Nchini Kenya maelfu kwa maelfu ya watu huishi kwa kazi za jua kali, kazi zilizopata jina lake kwa sababu mafundi wengi huzifanya nje, chini ya jua la mchana. Mwenye mshahara anapojifanyia kila kitu, je, hamnyang'anyi fundi tonge?

Nitajibu neno la kwanza kwa kumrudia Smith mwenyewe. Katika kitabu kilekile, mbele sana, Smith alionya kwamba mtu ambaye maisha yake yote hupita katika matendo machache yasiyobadilika hupoteza desturi ya kutumia akili yake, kwa kuwa hapati jambo la kumlazimu kufikiri. Yaani mgawanyo wa kazi huongeza pini, lakini waweza kumpunguza mtu. Wala onyo hili halimhusu mfanyakazi wa kiwandani tu. Lamhusu pia mtu wa kalamu, ambaye huketi mezani mwaka baada ya mwaka, akijua majina ya vitu bila ya kuvijua vitu vyenyewe. Mimi nilikuwa nimefundisha watoto neno "timazi" mara nyingi. Niliwaeleza kuwa ni uzi wenye kitu kizito mwishoni, utumiwao na mwashi kupima wima wa ukuta. Siku niliyoning'iniza timazi kwa mara ya kwanza, nikaona nguzo niliyoiamini kwa macho imeegemea upande kiasi cha upana wa kidole, nilitambua kuwa nilikuwa nikifundisha neno tupu.

Vitu vina namna yao ya kumfundisha mtu, nayo ni tofauti na namna ya walimu. Mwalimu aweza kubembelezwa, ubao haubembelezeki. Ukitaka kona yenye nyuzi 90 kamili, hoja nzuri hazitakusaidia. Pima sentimita 60 upande mmoja, 80 upande wa pili, kisha hakikisha kwamba kutoka nukta hadi nukta pana sentimita 100 sawasawa. Hiyo ndiyo kanuni ya pembetatu unayoisoma darasani, lakini sasa imeshuka kutoka ubaoni, imekuwa chombo mkononi. Ukiunga mbao nne kwa misumari, umbo lako litayumba kama mlevi. Ukiongeza ubao mmoja wa mshazari, kuyumba kwaisha, kwa sababu pembetatu haigeuki umbo pasipo kuvunjika au kupinda kwa upande wake. Na ukirefusha ubao wa rafu mara mbili kati ya nguzo na nguzo, huku mzigo wa katikati ukibaki uleule, ubao hautapinda mara mbili, bali mara 8. Mimi niliweka nguzo mbili tu, moja kila mwisho, nikaona inatosha. Baada ya juma moja rafu ya kwanza ilikuwa imelegea katikati kama machela, nikalazimika kuongeza nguzo ya tatu. Hakuna aliyenikaripia. Ubao ulinikaripia kwa kupinda.

Hii basi ni sababu njema ya kwanza: kazi ya mkono humkutanisha mtu na ukweli usiopendelea. Kijana aliyezoea kushinda kwa maneno yamfaa sana kukutana nao mapema.

Sasa nijibu neno la pili, la tonge la fundi. Sidai kwamba nilifanya wema kwa kumnyima kazi yule mzee. Lakini hebu nikusimulie jambo jingine. Mwaka mmoja kabla ya hapo nilikuwa nimemwita fundi mwingine kututengenezea mlango. Alitaja bei, nikaikata. Akashuka, nikaikata tena. Mwishowe akakubali kwa uso uliokunjamana, nami nikajipongeza kwa ujanja wangu. Nilihesabu kwamba kazi ile itamchukua siku moja, nikaona siku moja haistahili fedha zile. Ndipo zikaja rafu. Kazi ambayo yule mzee angaliimaliza kwa siku moja ilinichukua Jumamosi tatu, nami nikatoka na malengelenge katika viganja vyote viwili na rafu ambazo ungeweza kuona mwanga kati ya maungo yake. Jumamosi ya tatu, nikiwa nimeketi juu ya ndoo iliyofudikizwa, nilielewa kwamba fundi wa mlango hakuniuzia siku moja. Aliniuzia miaka ambayo alijifunza kuufanya kwa siku moja. Nilikuwa nimelipa siku, nikaiba miaka.

Tangu hapo siwezi kumpunguzia fundi bei kwa namna ile, si kwa sababu nimekuwa mtu mwema, bali kwa sababu najua. Mtu asiyewahi kuinua jembe huona shamba la mwenzake ni dogo. Haki kwa mfanyakazi huanza pale unapoijua kazi yake walau kidogo, na kidogo hicho hakipatikani kwa kuangalia tu. Kwa hiyo sikubali kwamba mtu anayejitengenezea kitu kimoja kwa mkono wake humdhulumu fundi lazima. Aweza, kinyume chake, kuwa amejifunza kumlipa inavyopasa katika mambo 100 yaliyobaki. Hii ni sababu njema ya pili, nami naiona kuwa bora kuliko ya kwanza.

Lakini najua, kijana, kwamba umekwisha kusikia mengi juu ya heshima ya kazi za mikono, na pengine umechoka. Una haki ya kushuku. Katika historia ya nchi yetu sifa hizi hazikutolewa kila mara kwa moyo safi. Tume ya Phelps-Stokes ilizuru Afrika ya Mashariki mwaka 1924, ikapendekeza elimu iliyoelekea mno kilimo, ufundi na maisha ya kijijini kwa watoto wa Kiafrika. Wazazi wengi walitambua kwamba mtoto wa mtawala hakuagiziwa elimu ya namna hiyo. Wakadai Kiingereza na vitabu kwa watoto wao, na wengine wakajenga shule zao wenyewe. Hawakuwa wavivu. Waliona kwamba randa imeletwa ili kitabu kiondoke, wakakataa.

Na nje ya nchi yetu mabishano yalikuwa hayohayo. Huko Alabama, nchini Marekani, Booker T. Washington, aliyezaliwa mtumwa, alianza chuo cha Tuskegee mwaka 1881. Wanafunzi wake walijenga majengo yao wenyewe, na kwa kuwa matofali yalihitajiwa, waliingia matopeni kuyafyatua. Baadhi yao walinung'unika kwamba walikuja kusoma, si kukanyaga udongo. Tanuri la kwanza likashindwa, la pili likashindwa, la tatu likaporomoka. Ndipo Washington alipoweka rehani saa yake kwa dola 15 ili apate fedha za tanuri la nne, nalo likafaulu. Habari hiyo huusisimua moyo. Walakini mwaka 1903 W. E. B. Du Bois, msomi mwingine mweusi wa Marekani, alimpinga Washington waziwazi, akisema kwamba watu wanaofundishwa ufundi tu huku wakinyimwa elimu ya juu na haki za kiraia watabaki chini daima. Nikiwaweka wawili hao katika mizani, naona kila mmoja ameshika sehemu ya ukweli. Mkono usitumiwe kuwa kisingizio cha kukinyima kichwa haki yake. Wala kichwa kisidhani kwamba kimekua kwa kuudharau mkono. Nyerere aliliona jambo hili alipoandika juu ya elimu ya kujitegemea mwaka 1967, na Kenya nayo ililijaribu mwaka 1985, mfumo wa 8-4-4 ulipowaletea watoto wa shule za msingi kilimo, sayansi kimu na kazi za sanaa. Majaribio hayo yalipungukiwa mara kwa mara na vyombo, na karakana, na fedha. Upungufu huo hauthibitishi kwamba fikira yenyewe ilikuwa mbaya.

Nimekwisha kujibu nusu ya swali letu. Nusu ya pili ndiyo iliyonigharimu, nami nitaisema kama ilivyokuwa, ingawa hainipambi.

Jumamosi ile ya tatu, jua lilikuwa linakuchwa. Nguzo zilikuwa zimesimama, mbao zimelazwa, na imebaki kazi moja: kuzifunga nguzo kwenye ukuta kwa parafujo ili rafu zisije zikaanguka mbele. Parafujo haishiki ukutani bila ya kigingi kidogo cha plastiki ambacho hutumbukizwa kwanza katika tundu. Parafujo ikiingia hukipanua, nacho hulikaza jiwe kwa ndani. Matundu mawili ya kwanza yalikwenda vema. La tatu liliangukia baina ya mawe mawili, mahali penye lipu nene na chokaa iliyochoka. Keekee ilizama kama katika unga. Nilitia kigingi, nikatia parafujo, nikazungusha bisibisi. Parafujo ikazunguka, ikazunguka tena, wala haikukaza. Nilijua maana yake. Nilijua pia dawa yake, nayo ilikuwa rahisi: kutoboa tundu jingine upana wa kiganja kutoka pale, katika jiwe zima. Labda dakika 20. Lakini giza lilikuwa linaingia, mikono iliniuma, na nyumbani nilikwisha kutangaza kwamba leo namaliza. Niliisukuma parafujo kwa kidole hadi kichwa chake kikalala sawa na ubao. Nikapaka rangi juu yake. Hakuna mtu angeweza kuitofautisha na zile mbili nyingine. Kisha nikamwita mke wangu aje aone, naye akasifu.

Watafiti watatu wa Marekani, Michael Norton, Daniel Mochon na Dan Ariely, walieleza mwaka 2012 kwamba watu waliounganisha sanduku kwa mikono yao wenyewe walikuwa tayari kulilipia zaidi kuliko wale waliopewa sanduku la aina ileile likiwa tayari. Jasho letu hututia upofu wa namna yake. Mimi nilizitazama rafu zangu kila jioni, na kila nilipozitazama nilikumbuka kidogo zaidi jasho, na kidogo chini ile parafujo. Baada ya majuma matatu nilikuwa nimeisahau kabisa. Hiyo ndiyo sarafu bandia niliyokuambia.

Jumapili moja nilimtuma mpwa wangu alirudishe kopo la rangi katika rafu ya juu. Nilisikia kishindo, kisha kimya, kisha kilio. Nilipofika, nguzo ya upande mmoja ilikuwa imeachana na ukuta. Makopo yametapakaa, rangi nyeupe inatiririka chini ya gari, na mtoto amesimama pembeni ameshika goti lililochubuka. Kopo moja la lita 4, zito kupita kilo 5, lilikuwa limepasua saruji hatua moja kutoka miguuni pake.

Neno la kwanza lililonitoka lilikuwa, "Umeipanda!"

"Sikuipanda, Mjomba. Niliweka kopo moja tu."

"Rafu haianguki kwa kopo moja," nikamwambia, mbele ya mke wangu na watoto wangu, na mbele ya jirani aliyekuja mbio kusikia kishindo. Mtoto akainamisha kichwa. Usiku ule hakula chakula chake chote.

Asubuhi nilikwenda kuviondoa vilivyovunjika. Nilipoinua ubao, ile parafujo ya tatu ikaanguka sakafuni. Nikaiokota. Haikupinda. Haikuwa na chembe ya jiwe. Mizingo yake ilijaa vumbi la lipu. Niliichukua kwa yule mzee seremala, kama mtu anayepeleka barua ambayo amekwisha kuisoma, akitumaini kwamba mwingine atasoma maneno tofauti. Aliigeuza vidoleni mwake.

"Hii haikuwahi kushika, Mwalimu," akasema. "Ulijua?"

"Nilijua, Mzee."

Alinirudishia, akaendelea kupiga randa. Hakuniambia neno jingine, na sikuhitaji jingine.

Hapa ndipo swali letu lilipo, msomaji. Kwa nini tufanye kwa uaminifu kazi ambayo hakuna atakayeikagua? Wengi hujibu: kwa sababu ubovu hufichuka mwishowe. Jibu hilo ni la hofu, tena si la kweli daima. Yako makosa mengi yaliyofunikwa kwa rangi ambayo hayataanguka kamwe, au yataanguka mwenye kuyatenda akiwa amekwisha kuhama. Lau tundu lile lingalishika kwa bahati, je, ningalikuwa mwaminifu? La. Ningalikuwa mtu yuleyule, mwenye bahati zaidi.

Wengine hujibu: kwa sababu ya heshima yako mwenyewe. Jibu hili ni bora, lakini nimekwisha kuona jinsi heshima ya nafsi inavyojua kusahau. Majuma matatu yaliitosha.

Jibu ninaloliamini nililipata kwa kumtazama yule mtoto. Mtu anapoweka kopo juu ya rafu, haulizi kwanza kama rafu imefungwa. Hapimi, hatikisi, hachunguzi nyuma ya rangi. Ananyoosha mkono na kuweka. Kwa tendo hilo dogo amemwamini mtu ambaye hayupo pale. Sisi sote twaishi hivyo: twapita chini ya dari, twavuka madaraja, twapanda matatu, twameza dawa, tukiwaamini watu ambao hatujui majina yao na ambao hawatuoni. Rafu, basi, si mbao na misumari tu, ni ahadi. Na yule aliyeahidiwa hakuwapo wakati ahadi ilipotolewa, wala hakuweza kuikagua. Kwa sababu hiyo hasa ahadi hiyo ni nzito. Uaminifu katika kazi inayoonekana ni biashara: wewe unaona, mimi nalipwa. Uaminifu katika kazi isiyoonekana ni deni kwa mtu asiyeweza kukudai.

Wala sikuishia katika kosa la mkono. Niliongeza kosa la ulimi, nalo ndilo kubwa. Fundi aliyelipwa anapokosa, mwenye nyumba humlaumu fundi. Mimi nilikuwa fundi na mwenye nyumba kwa pamoja. Sikuwa na wa kumlaumu. Nilidhani hiyo ndiyo fahari ya kujitengenezea: kwamba mtu husimama bila ya kisingizio. Kumbe kisingizio hakikosekani kwa anayekitaka. Nilikipata kwa mtoto wa miaka 12, mwenye goti lililochubuka, ambaye ushahidi wake haukuweza kushindana na wangu kwa kuwa mimi ni mtu mzima na mwalimu. Wewe ambaye ungali kijana huenda umewahi kusimama mahali pake. Basi kumbuka hali hiyo utakapokuwa mtu mzima, maana siku yaja ambapo wewe ndiwe utakayeaminiwa kwa sababu ya cheo, na mtu mdogo mbele yako ndiye atakayekuwa anasema kweli.

Jioni ile tulipokwisha kuketi mezani, niliitoa parafujo mfukoni nikaiweka kando ya sahani. Nilieleza habari yake yote, tangu lile tundu hadi ile rangi. Nilimwambia mpwa wangu kwamba hakuipanda rafu, kwamba nilimsingizia, na kwamba nataka anisamehe. Kulipokucha nilikwenda kwa yule jirani nikamwambia vilevile. Nilifanya hivyo kwa sababu mashtaka yaliyotolewa hadharani hayafutwi kwa kunong'ona. Walioisikia lawama wanastahili kuusikia ukweli. Sitaki kukudanganya kwamba ilikuwa rahisi. Kutoboa tundu jipya kungalinigharimu dakika 20.

Mtoto alinyamaza kitambo. Kisha akasema, "Haya, Mjomba. Tukiitengeneza tena, nitashika keekee?"

Tuliitengeneza tena, wawili sisi, na yule mzee seremala akaja kututazama. Safari hii nilimlipa kwa kuja kwake, wala sikuitaka bei ipungue. Alitufundisha kugonga ukuta na kusikiliza palipo na jiwe na palipo na lipu tupu, kuviweka vizito chini na vyepesi juu, kuinua miguu ya nguzo juu ya vipande vya mawe ili unyevu usiifikie, na kuichungulia kila mwezi, kwani mchwa hujenga njia yake ya udongo ili kuupita mwamba wowote. Kila parafujo ilipokaza, mpwa wangu aliivuta ubao kwa uzito wake wote kabla ya kukubali kwenda kwa inayofuata.

Kwa hiyo jibu langu kwa swali tuliloanza nalo ni hili. Ndiyo, mtu na ajifunze kufanya walau kitu kimoja kwa mkono wake, hata kama aweza kulipa. Asifanye hivyo kwa ajili ya kuokoa senti, maana pengine hataziokoa. Wala kwa ajili ya sifa, maana sifa humfumba macho. Afanye ili aujue ukweli usiobembelezeka, ili amtendee haki yule aishiye kwa kazi hiyo, na ili aonje uzito wa kuaminiwa na mtu asiyekuwapo. Na hayo akiyapata katika rafu, atayapeleka popote aendapo: katika daftari la hesabu za chama, katika sindano ya muuguzi, katika hukumu ya hakimu, katika saruji ya daraja. Kila kazi duniani ina parafujo yake ya tatu, na aghalabu tundu lake huharibika jua linapokuchwa, mikono inapouma, na wenzako wanapokungoja uwaambie kwamba umemaliza.

Siku hiyo itakapokujia, weka chini kopo la rangi. Toboa tundu jingine.